Steringi Hafi, Ila Lazima Mtu Afe

Kwenye kibanda cha video cha mtaani kwetu, chenye mabenchi ya mbao, gunia jeusi mlangoni na spika inayokwaruza, kulikuwa na sheria moja iliyojulikana hata kwa mtoto asiyejua kusoma: steringi hafi. Atapigwa, atafungwa, atatupwa mtoni, mchumba wake atatekwa, lakini hafi. Kwa hiyo hatukuwa na wasiwasi naye. Tulichokuwa tunakisubiri ni namna atakavyowamaliza wale wengine, na wale wengine tuliwahesabu kwa sauti kama watoto wanaookota maembe: mmoja, wawili, watano, kumi. Picha ikiisha, ubishi wa njiani ulikuwa kama amewalaza kumi na saba au kumi na tisa. Hakuna aliyeuliza hao kumi na saba ni akina nani, na kesho wanakula nini.

Mimi swali hilo limenijia ukubwani, na limeniletea mtu mmoja ambaye sasa siwezi kutazama filamu ya mapanga bila kumtafuta. Anaitwa Seizo Fukumoto. Kumbe tulishakutana naye palepale kibandani.

Ilikuwa The Last Samurai, ile ya 2003. Tom Cruise ni Kapteni Algren, Mmarekani aliyetekwa na samurai waasi na kuwekwa kijijini kwao milimani. Kila anakokwenda, hatua chache nyuma yake, anafuatwa na mlinzi mzee mwenye mashavu yaliyobonyea na macho makali. Algren anamsemesha, hajibu. Anamuuliza jina, hajibu. Mwisho anaamua kumwita Bob. Sisi tulimwita Bubu, na tulimpenda kwa sababu moja rahisi: yule mtafsiri aliyekuwa akipiga kelele juu ya filamu nzima hakuwa na la kusema Bubu alipoonekana, tukapata kupumua. Halafu ikaja vita ya mwisho. Askari anamlenga Algren kwa bunduki, na yule mzee, ambaye tangu mwanzo hajafungua mdomo, anapaza sauti: "Algren-san!" Anajitupa katikati na kuipokea risasi. Kibanda chote kimya. Bubu alikuwa amesema, na alikuwa ameshakufa.

Nilidhani ni mzee fulani waliyemwokota kwa ajili ya sura. Miaka mingi baadaye ndipo nikajua kwamba mzee yule, siku anaigiza kifo kile, alikuwa ameshakufa mbele ya kamera mara nyingi kuliko mtu yeyote Japani. Wenyewe wanasema mara 50,000. Kuhusu hesabu hiyo nina neno, nitalirudia.

Fukumoto alizaliwa Februari 1943 huko Kasumi, mji wa wavuvi mkoani Hyogo, upande wa Bahari ya Japani, unaosifika kwa kaa wake. Alipomaliza shule akiwa kijana mdogo alipelekwa Kyoto, kwa jamaa aliyekuwa na duka la mchele. Duka likamshinda, maana hakuwa mtu wa kuchangamkia wateja. Jamaa wakamtafutia pengine pa kujishikiza, na mwaka 1958, akiwa na miaka 15, akaingia studio ya Toei katika kitongoji cha Uzumasa, magharibi mwa Kyoto. Kijana aliyeona haya kupima mchele mbele ya mama wa mtaani akapewa kazi ya kukaa mbele ya lenzi. Mambo ya riziki hayo.

Mwaka ule wa 1958 si wa kupita haraka. Ndio mwaka ambao Wajapani walikata tiketi nyingi za sinema kuliko mwaka mwingine wowote katika historia yao: tiketi milioni 1,127, katika nchi yenye watu milioni 92 hivi. Gawanya, utaona kila mtu, mtoto na kikongwe wakiwemo, aliingia sinema mara kumi na mbili. Uzumasa ilikuwa karakana ya kulisha njaa hiyo. Studio ya Daiei ilikuwa pale, ndiyo iliyotoa filamu ya Rashomon mwaka 1950. Shochiku walikuwa jirani. Na Toei walikuwa wanafyatua filamu za samurai kama mkate, mbili kila wiki, huku majina kama Kinnosuke Nakamura na Chiezo Kataoka yakijaza kumbi. Filamu mbili kwa wiki, na katika kila moja steringi anawalaza watu. Watu hao lazima watoke mahali.

Walitoka kwenye chumba kimoja. Nyota walikuwa na vyumba vyao. Waigizaji wasio na jina waliwekwa pamoja kwenye ukumbi mmoja mkubwa, na ukumbi huo ukawa ndio jina la kazi yenyewe: obeya, chumba kikubwa. Mwigizaji wa obeya alikuwa mwajiriwa wa studio. Leo ni mbeba machela, kesho mpita njia, keshokutwa maiti kando ya mto. Akianguka juu ya paa kwa niaba ya nyota, uso wake hauonekani, maana mwenye uso ni nyota. Majina yao mara nyingi hayakuandikwa popote. Humo ndimo Fukumoto alimokaa zaidi ya miaka arobaini.

Pigano la mapanga la Uzumasa lina lugha yake. Anayesimama katikati anaitwa shin, yaani kiini. Wanaomzunguka ni karami, neno linalotokana na kujisokota, kama mtambaa unavyojisokota kwenye mti. Na yule ambaye kazi yake hasa ni kukatwa anaitwa kirareyaku, mhusika wa kukatwa. Mapanga mengi ni ya mianzi, yamebandikwa karatasi ya rangi ya fedha ili yang'ae. Hayakati hata nyanya. Steringi anapitisha kipande chake cha mwanzi hewani, shubiri kadhaa kutoka mwilini mwa mwenzake, na kazi yake imeishia hapo. Kila kinachofuata ni cha yule mwingine. Yeye ndiye anayejua upanga umeingia begani na kutokea kiunoni. Yeye ndiye anayejua ulikuwa mzito. Akichelewa kidogo tu, nyota anageuka mtu anayefukuza nzi. Akiwahi, nyota anageuka mchawi, watu wanakufa kabla hajawagusa.

Ukishaliona hilo huwezi tena kulisahau. Makali ya upanga wa steringi yako mwilini mwa anayekufa. Wale mashujaa tuliowashangilia, tukawaigiza kwa vijiti nyuma ya nyumba hadi mama akatoka na mwiko, ushujaa wao walikuwa wanaazimwa kila siku na watu wa chumba kikubwa.

Wahenga walisema kufa kikondoo ndiko kufa kiungwana. Fukumoto hakukubaliana nao. Kifo chake kilichompa jina kinaitwa ebizori, kujikunja kama kamba. Namsema kamba yule wa mchuzi wa nazi, si kamba ya kufungia mbuzi. Upanga ukishampitia, mwili haukunji kwenda mbele kama wa mtu aliyeshikwa na tumbo. Unakwenda nyuma. Mgongo unapinda, kichwa kinaning'inia kuelekea sakafuni, mikono inakwaruza hewa, na kwa muda ambao mgongo wa mwanadamu wa kawaida ungeshasalimu amri anabaki hapo, amepinda kama upinde, kabla hajadondoka chini kwa uzito wake wote. Hakuna godoro. Ni ubao, changarawe au udongo.

Nimeutazama mwanguko huo mara nyingi kuliko inavyofaa kwa mtu mwenye kazi ya kufanya, na nina maoni yangu. Mtu akianguka kifudifudi, kamera inapata kisogo. Akianguka kwa kujikunja nyuma, uso unageuka juu, kwenye mwanga, na kamera haina budi kuupokea. Kwa mtu ambaye jina lake haliandikwi na ambaye uso wake kazi yake ni kupita, hapo ndipo penye mlango. Kwa sekunde mbili steringi amempa mgongo, na filamu nzima haina cha kutazama isipokuwa yeye. Haibi pigo la nyota. Kinyume chake, pigo linaonekana kubwa zaidi. Lakini ameonekana. Sijui kama kuna ujanja wa mnyonge niliouona katika sanaa yoyote ukanifurahisha kuliko huo: kumtukuza bosi kwa namna ambayo lazima wewe ndiwe utazamwe.

Kuonekana kulikuwa na hatari zake pia. Karami hawakuwa wengi kama skrini inavyodai. Aliyekatwa upande wa kushoto alianguka, akatambaa nje ya picha, akazunguka nyuma ya kamera mbio na kurudi upande wa kulia akiwa hai, amechomoa upanga, tayari kufa tena. Sasa ukiwa na mashavu kama ya Fukumoto, watazamaji wataanza kukutambua. Na kweli walianza.

Walimtambua zaidi kwenye televisheni. Ile njaa ya 1958 haikudumu. Televisheni ziliingia majumbani, na kufikia 1963 tiketi zilikuwa zimeshuka hadi milioni 511. Toei wakahamia kwenye filamu za yakuza, majambazi wa Kijapani, na watu wa chumba kikubwa wakavua wigi za samurai na kuvaa suti, wakaendelea kufa, safari hii kwa visu na bastola. Filamu hizo za miaka ya 1970 ziliwapa baadhi yao bahati. Takuzo Kawatani, naye wa obeya ya Toei Kyoto, aliteswa vibaya sana katika filamu moja ya Kinji Fukasaku ya mwaka 1973, kwa namna ambayo watu walitoka ukumbini wakiuliza jina lake. Mwaka 1975 yeye na wenzake wa aina yake wakajikusanya kwa jina la Jeshi la Piranha, samaki wadogo wenye meno. Kawatani akapanda hadi kuwa na jina kubwa. Akafa 1995, akiwa na miaka 54 tu. Fukumoto yeye hakupanda. Alibaki palepale, na samurai nao wakahamia kwenye runinga.

Tamthilia za samurai za runinga zilikuwa na raha ya kujua kitakachotokea, kama hadithi ya bibi. Chukua Abarenbo Shogun, iliyoanza 1978 na Ken Matsudaira akiwa Yoshimune, shogun, yaani mtawala wa kijeshi wa Japani ya zamani. Shogun anajibadilisha, anatembea mitaani kama mtu wa kawaida, anagundua dhuluma ya mkubwa fulani. Usiku anatokea uani kwa yule mdhalimu. Mdhalimu anatambua ni nani, anatetemeka, halafu anapata wazo la kijinga ambalo wadhalimu wote wa tamthilia ile walilipata kila wiki: shogun hawezi kuwa mahali kama hapa, huyu ni tapeli, muueni! Milango inafunguka, walinzi wanamiminika. Miongoni mwao, tazama vizuri, yupo mwenye mashavu.

Hapo ndipo penye neno langu kuhusu hesabu. Yoshimune, kabla hajaanza kupigana, anaugeuza upanga wake. Anawapiga walinzi kwa mgongo wa upanga, si kwa makali, kwa sababu shogun mwema haui watumishi wanaotii amri. Anayeuawa ni mkubwa wao, na anauawa na watu wa siri wa shogun. Kwa hiyo, kisheria, Fukumoto katika tamthilia ile hakufa. Alizimia kwa maumivu makali. Ukianza kuwatoa waliozimia kwenye zile 50,000, sijui utabaki na ngapi. Halafu hesabu yenyewe: kutoka 1958 hadi alipofikisha umri wa kustaafu ni miaka 45. Vifo 50,000 kwa miaka 45 ni zaidi ya 1,100 kwa mwaka, vitatu kila siku ya Mungu, sikukuu na mafua yakiwemo. Namba ile ni ya sifa, kama mtu anaposema nimekuita mara mia. Lakini jaribu kumtaja mwigizaji mwingine ambaye uongo wake wa hesabu unaweza hata kukaribia kuaminika.

Mwaka 2001 kilitoka kitabu cha maisha yake, alichoandika pamoja na mwandishi mwingine. Jina lake, kwa Kiswahili changu, lingekuwa "Mahali fulani, kuna mtu anakuona". Miaka miwili baadaye akatimiza miaka 60, umri wa kutoka kwenye ajira ya Toei, na mwaka huohuo dunia ikamwona kwenye The Last Samurai. Ken Watanabe alipata kwa filamu ile uteuzi wa Oscar kama mwigizaji msaidizi, na alistahili. Ila usaidizi una ngazi zake. Usaidizi wa Watanabe una hotuba, una farasi, una kifo chenye maua ya mcheri. Usaidizi wa Fukumoto una neno moja na jina la utani la kupewa na mgeni. Na kuna kejeli ambayo simsikii mtu akiitaja: mtu aliyetumia maisha yake kufa kwa upanga, kifo chake kilichotazamwa na watu wengi kuliko vyote ni cha risasi.

Wanaomwandika Fukumoto wanapenda kuishia kwenye lile jina la kitabu. Jitume, usilalamike, kuna mtu anakuona, siku yako itafika. Na kweli mwaka 2014 ilitoka filamu ya Uzumasa Limelight, ya mwongozaji kijana Ken Ochiai, jina likiwa limetolewa kwa heshima kutoka kwa ile Limelight ya Chaplin. Fukumoto, akiwa na miaka 71, kwa mara ya kwanza akawa steringi. Akaigiza mzee aitwaye Kamiyama, mkatwaji wa Uzumasa ambaye tamthilia yake imefutwa, anapangiwa maonyesho ya watalii, na anamfundisha binti mmoja kazi ya upanga. Montreal, kwenye tamasha la Fantasia, wakampa tuzo ya mwigizaji bora.

Mimi hadithi hiyo ya kujituma inanikera kidogo. Filamu ile ni msiba. Mito Komon, mfululizo wa samurai uliokuwa hewani tangu 1969, ulikuwa umefungwa Desemba 2011. Abarenbo Shogun ilishapoa zamani. Ndani ya kijiji cha sinema ambacho Toei walikifungua kwa watalii mwaka 1975, pembeni ya studio, watu walikuwa wanapanga foleni kupiga picha na nyumba za kuigiza za enzi ya Edo, zama za masamurai, huku kazi ya kweli iliyokuwa ikifanyika kwenye nyumba hizo ikikauka. Fukumoto alipewa nafasi ya mbele pale ambapo nafasi za nyuma zilikuwa zimekwisha. Walimwona, ndiyo, walimwona kama tunavyoona duka la jirani siku linapofungwa. Na wale wengine wa chumba kikubwa, waliofanya kazi ileile, waliovunja mbavu zilezile, wakazeeka bila kitabu wala Montreal, nao walijituma.

Lakini ukiitazama filamu yenyewe, hasira inapungua. Mzee hajui kuwa steringi. Anaingia kwenye chumba kwa kunyata, kama mtu anayeogopa kumziba aliye nyuma yake. Anapozungumza na binti, macho yanakwenda sakafuni. Kwa dakika mia na zaidi kamera inamfuata yeye peke yake, naye anaendelea kuiachia nafasi, kana kwamba nyota atatokea sasa hivi. Halafu anashika upanga na umri unatoweka, na anapopinda nyuma, kwenye mgongo wa miaka sabini, nilijikuta nimesimama sebuleni.

Alifariki Kyoto tarehe 1 Januari 2021, kwa saratani ya mapafu, akiwa na miaka 77. Kufa kufaana, tunasema, na yeye aliwafaa wengi kwa kufa. Hicho cha mwisho alikifanya nyumbani kwake, bila kamera.

Juzi mpwa wangu wa miaka tisa alikuwa kwetu, mvua inanyesha, nikamwekea kipande cha zamani cha tamthilia moja ya samurai. Sikumweleza lolote. Kijijini kwa mdhalimu milango ikafunguka, walinzi wakamiminika, na yeye, bila kufundishwa na mtu, akaanza kuhesabu kwa vidole. Mmoja. Wawili. Watano. Wa tisa alikuwa mwembamba, alitokea kushoto, akapigwa, akapinda nyuma kama kamba, akaning'inia, akadondoka. "Duh," akasema, na akaendelea. Kumi na mbili. Kumi na nne. Kulia, nyuma ya nguzo, wakatokea wawili, na mmoja wao alikuwa na mashavu yaliyobonyea.

"Kumi na tano, kumi na sita," akasema.

"Kumi na tano tu," nikamwambia. "Huyo tumeshamhesabu."